Serikali haina dini, sawa. Ila nani anaingilia shughuli za nani?

Mzee wa Kona (mleta mada)

Wakuu, habari za jioni.

Kila uchaguzi ukikaribia, maaskofu wakitoa waraka, au shekhe akisema jambo msikitini likawauma wakubwa, tunaanza kusikia: "Msichanganye dini na siasa." Anayesema hivyo mara nyingi ni mtu wa serikali, na anayeambiwa ni mtu wa dini. Leo naleta mada kwa upande ambao hausemwi sana. Ukihesabu tangu uhuru, serikali ndiyo imeingia kwenye nyumba za ibada mara nyingi zaidi kuliko nyumba za ibada zilivyoingia serikalini.

Anayetaka kubishana kama Mungu yupo au hayupo afungue uzi wake, tutamfuata huko. Hapa tunaongelea dola.

Tuanze na Katiba yenyewe, ya mwaka 1977. Ibara ya 3 inaitaja Jamhuri ya Muungano kuwa nchi isiyokuwa na dini. Ibara ya 19 inampa kila mtu uhuru wa imani, na wa kubadili imani pia. Halafu kuna kipande ambacho wengi wanakiruka, kwamba shughuli na uendeshaji wa jumuiya za dini ziwe nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Kirudieni taratibu. Hakuna mahali kinapomkataza padri kuongelea bei ya mbolea. Anayeambiwa akae pembeni pale ni mwenye dola.

Sasa angalieni vitendo. Desemba 1968 serikali iliipiga marufuku EAMWS, jumuiya ya Waislamu ya Afrika Mashariki iliyokuwa na shule na misikiti, na mwezi huohuo BAKWATA, Baraza Kuu la Waislamu Tanzania, ikazaliwa. Mpaka leo ukikaa na wazee wa Kariakoo wanaokumbuka enzi zile, hawataiita taasisi yao, wataiita ya serikali. Zanzibar kuna Sheria ya Mufti ya 2001, na Mufti anateuliwa na Rais. Aprili 2020, korona ilipobisha hodi, Rais Magufuli alitangaza siku tatu za maombi ya taifa, tarehe 17 hadi 19. Wengi tuliomba, mimi mmoja wao, ila lile lilikuwa tangazo la Ikulu. Juni 2025 Msajili wa Jumuiya akalifutia usajili kanisa la Ufufuo na Uzima la Askofu Gwajima, baada ya mahubiri ya kukemea utekaji. Unaweza usimpende Gwajima hata kidogo. Jiulize tu: siku msajili akiamua kwamba mahubiri ya kwenu nayo ni siasa, utakimbilia wapi?

Najua kinachowatisha wengi. Ukisema "serikali isiyo na dini", mtu anaona wapagani wanakuja kufunga makanisa. Kwa hiyo nawaletea kesi ambayo kila Mtanzania mwenye dini angepaswa kuijua.

Kuna wanafunzi wa sekondari, Mashahidi wa Yehova, waliokataa kuimba wimbo wa taifa. Imani yao inawakataza kuipa dola heshima wanayoona ni ya Mungu peke yake. Walikuwa wanasimama wima kwa adabu wenzao wakiimba, fujo hawakufanya. Shule ikawaadhibu, wengine wakafukuzwa kabisa na wengine kusimamishwa masomo. Kesi ikaenda Mahakama Kuu wakashindwa. Walalamikaji 127 wakakata rufaa, na Julai 2013 Mahakama ya Rufani ikawapa haki. Mashahidi wa Yehova ni wachache, hawana mbunge, hawana waziri, na kura hawapigi. Watu wa namna hiyo, kama wasingekuwa na Ibara ya 19, ni kitu gani kingine kingewatetea?

Na hapo pana kichekesho kichungu. Wimbo wenyewe ni sala! Mungu ibariki Afrika, wabariki viongozi wake. Nchi isiyo na dini iliwaadhibu watoto wa dini kwa kukataa kuimba sala.

Jambo la pili, halafu niwaachie uwanja. Kuna wanaodhani utu bila kuuliza dini ni fikra za Wazungu wa Amsterdam, ambako jumuiya ya kimataifa ya wahumanisti, yaani watu wanaoweka utu mbele bila kutegemea dini, iliundwa mwaka 1952. Ahadi ya kwanza ya mwana-TANU ilikuwa "Binadamu wote ni ndugu zangu, na Afrika ni moja." Haikuongeza "waliobatizwa" wala "waliosilimu". Waliokuwa wakiitamka walikuwa watu wa swala na watu wa misa.

Na mitaani tunaishi hivyo bila kuita jina. Mtaani kwetu alifariki fundi redio mmoja. Alibatizwa utotoni, ila kanisani hakuwa mtu wa kuonekana. Turubai limefungwa, maji yako jikoni, akaja kiongozi wa jumuiya ndogondogo na daftari. Akashusha kidole kwenye majina: zaka hana, michango ya jumuiya hana, ndoa hakufunga. Padri haji. Mjane kwenye mkeka anasikia yote. Kijana mmoja akasema basi tumwite shekhe, hakuna aliyecheka. Ndipo mwekahazina wa chama chetu cha kuzikana, alhaji, mtu wa swala tano, naye akatoa daftari lake. Marehemu alikuwa ameshalipa mpaka mwezi ule, hadaiwi hata shilingi. Jeneza likatoka kwenye chama, gari na wali hivyohivyo. Kaburi tulilipia manispaa. Pale makaburini mdogo wake alisoma wasifu, fundi mwenzake akaeleza jinsi alivyokuwa akiwatengenezea redio wajane bila kuwatoza, tukatia udongo, tukarudi kula.

Katiba ya chama kile ni kurasa nne za chapa, na neno dini halimo. Waliiandika wapishi, madereva na mama ntilie.

Naomba kuwasilisha.

---

Kipusa

Nimeweka mkeka hapa. Nasubiri watu wa povu.

---

Abuu Salmaan

Mzee wa Kona, umeandika vizuri na BAKWATA umeitaja, shukrani. Ila umeruka lililo kubwa. Mwaka 1992 serikali isiyo na dini ilitia saini hati ya makubaliano na makanisa, yaani CCT (Jumuiya ya Kikristo Tanzania) na TEC (Baraza la Maaskofu Katoliki), kuhusu afya na elimu. Fedha ya walipa kodi inaenda kwenye hospitali za kanisa. Mimi Muislamu nalipa kodi palepale. Tukiomba Mahakama ya Kadhi tunaambiwa serikali haina dini. Serikali hii dini inaikosa kwetu tu?

---

Mzee wa Kona

Shekhe, hoja yako ina mashiko, na malalamiko haya ni ya miaka mingi kabla ya mitandao. Nijibu nilivyoelewa mimi.

Chimbuko lake liko nyuma ya 1992. Kwa Sheria ya Elimu ya 1969 serikali ilichukua shule zilizokuwa zinapata ruzuku, za misheni nyingi na za jumuiya nyingine pia. Pugu, alikofundisha Mwalimu Nyerere, ilikuwa ya Wakatoliki. Hospitali kubwa kama Bugando na KCMC ziko mikononi mwa makanisa, na serikali inalipa mishahara ya watumishi wengi mle kwa sababu haina mbadala wake Mwanza wala Moshi. Hiyo saini nayo ilitiwa wakati wa Mzee Mwinyi, Muislamu, kwa hiyo hoja ya "rais wa dini fulani aliwapendelea wenzake" haisimami.

Lakini kipimo changu ni hiki. Serikali ikinunua huduma kwa taasisi ya dini, mkataba uwe hadharani, mlango uwe wazi kwa taasisi ya dini yoyote yenye uwezo uleule, na mgonjwa asiulizwe anasali wapi. Cha kwanza na cha pili ndipo serikali yetu imeshindwa. Umelalamika kwa haki.

Kadhi ni jambo jingine, na nadhani wa Unguja na wa Mombasa wanalijua kuliko mimi.

---

Bint Malindi

Nimeitwa nimekuja. Huku Unguja Kadhi yupo kwa mujibu wa sheria, na mimi mwenyewe talaka yangu imepita kwake, sina la kulalamika. Ndoa, talaka, mirathi, yanaamuliwa na watu wanaoijua fiqhi, sheria ya Kiislamu. Nyinyi wa bara mnaona ni jinamizi kwa sababu hamjaingia mle mkaona mafaili na makarani kama mahakama nyengine yoyote.

Khasa linalonikera mimi ni Ramadhani. Mtu anakamatwa na polisi kwa kula mchana. Nafunga toka nina miaka saba, na saumu yangu haijapata kuharibika kwa kumuona mtu anakula urojo. Heshima ya mwezi ninayoijua ni kufungua mlango jirani yangu wa Kisukuma apate futari, na anaileta sahani yake imejaa maandazi siku ya pili. Hilo polisi hawezi kulilazimisha. Akishika pingu, linakwisha.

---

Kifaru wa Songea

Bint Malindi umetisha.

---

Mvita Damu

Salaam kutoka Mombasa. Kwetu Kenya, Katiba ya 2010 ibara ya 8 inasema hakuna dini ya taifa, tena kwa sentensi moja fupi. Na ibara ya 170 ya Katiba hiyohiyo inaweka Mahakama za Kadhi. Makanisa mengi yalipiga kampeni ya "La" kwenye kura ya maoni ya tarehe 4 Agosti 2010 kwa sababu ya hilo na la uavyaji mimba, wakashindwa vibaya.

Ila msilisome kama sheria ya Kiislamu imetawala. Kadhi wetu anasikiliza ndoa, talaka, mirathi na hali ya mtu binafsi, na lazima pande zote ziwe za Waislamu na ziwe zimekubali kwenda kwake. Mmoja akikataa, kesi inaenda mahakama ya kawaida. Jambo lenyewe linatokana na makubaliano ya 1963, Mwambao wa maili kumi uliokuwa wa Sultani wa Zanzibar ulipoingia Kenya kwa ahadi kwamba kadhi hataondolewa. Kwa hivyo Mkristo wa Nyeri hajapoteza chochote.

Sasa nyinyi mmewasahau wasio na dini kabisa. Sensa yetu ya 2019 ilihesabu watu 755,750 waliosema hawana dini. Tanzania hata hamjui mnao wangapi, kwani swali la dini liliondolewa kwenye sensa baada ya 1967. Chama cha wasioamini Mungu kilisajiliwa Nairobi mwaka 2016, kelele zikapigwa, usajili ukasimamishwa, wakaenda kortini, na baadaye ukarudishwa. Mimi ni mtu wa msikiti na nilifurahi uliporudi. Serikali ikizoea kufuta vyama vya imani kwa kelele za umma, nijuavyo mimi Waislamu wa Pwani hatutakuwa nyuma kwenye foleni hiyo.

---

Mtu wa Mpakani

Mimi nipo Tunduma, ng'ambo yangu ni Nakonde, Zambia. Rais wao Kaunda alihubiri uhumanisti wake kama falsafa ya taifa miaka ya sitini, japo mwenyewe mtoto wa mchungaji. Rais Chiluba alipoingia, Desemba 1991 akatangaza Zambia ni taifa la Kikristo, na 1996 wakaliingiza kwenye Katiba. Sasa tarehe 18 Oktoba ni sikukuu ya taifa ya maombi na kufunga, hata benki zinafungwa.

Tunavuka kila siku, sijaona tofauti ya dhambi. Wazinzi wapo pande zote, na hata rushwa ya kizuizini bei yake inalingana. Na Chiluba mwenyewe baada ya kutoka madarakani alishitakiwa kwa wizi wa mali ya umma, akaja kuachiwa na mahakama mwaka 2009. Waislamu wa Zambia wanasali bila shida, nisiseme uongo. Ila wanasiasa wamepata silaha ya bure: ukimkosoa rais unaambiwa unapingana na agano la taifa na Mungu.

---

Mjoli wa Bwana

Bwana Yesu asifiwe. Nimesoma yote. Ndugu zangu, bila hofu ya Mungu mwanadamu ni mnyama. Mkitoa Mungu kwenye dola mtaweka nini? Na mleta mada anasema serikali isiingilie dini. Shakahola je? Watu zaidi ya 400 wamefukuliwa msituni Kilifi, Kenya, watoto wakiwemo, waliofundishwa kufunga mpaka kufa. Serikali ikae pembeni iangalie?

---

Mzee wa Kona

Mjoli, asante, hili ndilo swali gumu kuliko yote hapa.

Kuhusu hofu ya Mungu, sibishani na wewe. Hofu yako ibaki nawe ikusaidie usiibe. Bunge letu linaanza kwa Spika kusoma dua, na ukurasa wa kwanza wa taarifa rasmi za Bunge umeandikwa hivyo kila kikao. Baada ya dua wanapitisha bajeti, na ripoti ya CAG, mkaguzi wa hesabu za serikali, inakuja mwaka unaofuata. Soma ripoti yoyote.

Shakahola sasa. Kumnyima mtoto chakula mpaka afe ni kosa la jinai, awe anafanya mchungaji, mganga au baba mzazi. Polisi walikuwa na sheria ya kutosha kuingia mle msituni bila kujali mahubiri yanasema nini. Mchungaji aliyewafundisha kufunga alishawahi kufikishwa mahakamani zaidi ya mara moja kabla ya 2023. Dola ilimjua, ikamwacha. Hapo tatizo lilikuwa kazi ya kawaida ya polisi kutofanyika. Ninachokataa ni dola kukaa mezani na kuamua fundisho lipi ni sahihi.

---

Kigali Kwetu

Huku Rwanda walichukua njia nyingine. Mwaka 2018 walifunga makanisa zaidi ya 700 Kigali, na msikiti mmoja, wakasema majengo hayafai, kelele, usafi. Halafu sheria ikataka viongozi wawe na shahada ya theolojia. Majengo mabovu kufungwa sawa, nimesali kwenye banda ambalo choo hakuna na watu mia tatu. Lakini shahada? Petro alikuwa mvuvi. Akija leo na mashua yake hapati kibali.

---

Mzee wa Kona

Kigali Kwetu umemaliza. Choo ni kazi ya bwana afya. Shahada ya mchungaji ni kazi ya waumini wake, wakitaka waidai, wasipotaka waache.

---

Abuu Salmaan

Mjoli wa Bwana, kwenye hili mimi na wewe tuko pamoja zaidi ya unavyodhani. Mwaka 1998 pale Mwembechai polisi waliingia msikitini na watu walikufa kwa risasi. Sisi tunaojua buti la askari kwenye zulia la msikiti hatuwezi kuishangilia serikali inapofunga kanisa la mtu. Na Oktoba 2012 Mbagala, makanisa yalipochomwa kwa sababu ya ugomvi wa watoto juu ya Msahafu, nilisema hivyohivyo kwa wenzangu, wakanitukana.

---

Mjoli wa Bwana

Amina, shekhe. Suala la dola kukaa bila Mungu bado sijakubali, lakini la Msajili nimelielewa.

---

Kipusa

Ndiyo maana napenda uzi huu, povu limegoma kuja 😂

---

Shahidi Mtarajiwa

Wakuu nina swali la kweli, sitanii. Nimeitwa kutoa ushahidi mahakama ya wilaya, nilishuhudia ajali. Mimi kwa sasa sina dini, kwetu wanajua na wameshachoka kunisema. Karani atanipa Biblia au Msahafu. Nikisema sina, hakimu atanifukuza? Au ushahidi wangu utatupwa? Sitaki kumharibia mwenzangu kesi kwa ajili ya misimamo yangu.

---

Mzee wa Kona

Hutafukuzwa. Nenda na sheria kichwani: Sheria ya Viapo na Matamko, Sura ya 34. Mkristo anakula kiapo. Mtu wa imani nyingine anatoa uthibitisho. Na sheria yenyewe inamtaja pia yule anayekataa kiapo kwa sababu hana imani ya dini, au kwa sababu dini yake inamkataza kuapa. Wote hao wanathibitisha, na uthibitisho una nguvu ileile ya kiapo.

Kitakachotokea ni hiki. Utataja jina, umri, kazi, makazi, halafu utaulizwa dini, kwa sababu kwenye mwenendo wa kesi inaandikwa kabla ya maelezo yako kama umeapa au umethibitisha. Jibu kwa sauti ya kawaida kwamba huna dini na utathibitisha. Usianze kuhutubia. Karani akishika Biblia kwa mazoea, mwambie tena kwa heshima, na ukiona hakuelewi mgeukie hakimu.

Ukiwa humo ndani sikiliza kwamba uthibitisho umechukuliwa kweli kabla hujaanza kusema. Ushahidi uliotolewa bila kiapo wala uthibitisho Mahakama ya Rufani imeshautupa katika kesi kadhaa, kwa hiyo mwenzako anaweza kuumia kwa kosa la karani kuliko kwa imani yako. Mwambie wakili wa upande wenu mapema, leo au kesho, asije akashtuka pale kizimbani.